Kapitolina na Mkanda wa Wafu

Hakuna mtu aliyewahi kupata kitu cha bure kwa Kapitolina Arkhipovna. Alikuwa mtunza stoo ya filamu kwenye studio moja ya Leningrad, na ukitaka mkanda uliopitwa na wakati, ule ambao wapiga picha wa studio wameukataa kwa kuwa umeanza kufanya ukungu, hukuja mikono mitupu. Ulikuja na kahawa ya kweli isiyochanganywa na shayiri, au soksi za nailoni, au soseji kavu. Safari moja mtu alimletea samaki mzima wa kukaushwa kwa moshi, amevingirishwa gazeti. Kapitolina aliinusa kahawa, akazivuta soksi kuona kama zina nguvu, samaki akambonyeza tumbo, ndipo akasema, "Haya, kaa. Tuzungumze."

Mtu anakwenda kupiga picha gani, hilo halikumhusu. "Mimi natoa kopo lililofungwa," aliwaambia. "Mkilifungua na kulijaza upuuzi wenu, shauri yenu."

Kitu kimoja tu hakukifanyia mzaha, nacho ni uzito. Mkanda wa rangi nyeusi na nyeupe una madini ya fedha ndani yake, na serikali iliyataka madini yake yarudi. Kila mkanda uliofutwa kwenye matumizi ya studio ulikaa kwenye mapipa ya bati mpaka tume ije, iupime, iuchukue ukayeyushwe. Tume haikuuliza kama mkanda umetumika au haujatumika, wala una sura ya nani. Iliangalia mshale wa mizani, basi. Ndiyo maana Kapitolina alikuwa na sharti lake: chukua mkanda kwangu leo, ufanye utakavyo, lakini siku ya tume nirudishie uzito ule ule, hata kama ni takataka. Kahawa ilikuwa ya kumsalimia. Uzito ulikuwa shingo yake.

Shingo hiyo ilikuwa imepita kwingi. Alilelewa kwenye nyumba ya mayatima, akaanza studio kama mfagia korido, akapanda kidogo kidogo bila mjomba wala bwana wa kumsukuma, mpaka akashika funguo za stoo. Sasa alikuwa amebakiza mwaka mmoja apate pensheni yake, na chumba chake, na bustani ndogo nje ya mji aliyoipata kwa kubadilishana na fundi mmoja wa taa. Mambo yalimnyookea.

Ijumaa moja ya mwezi Machi, simu ikalia stooni. Tume iliyozoea kuja mwezi Mei ingekuja Jumatatu.

Kapitolina aliweka simu chini, akaenda kuinua mapipa moja moja kwa mikono yake. Yote yalikuwa mazito kama inavyotakiwa, isipokuwa lile la mwisho. Hilo alilinyanyua kwa mkono mmoja. Aliyechukua mikanda ya pipa hilo alikuwa Kesha, mchochea moto wa nyumba ya matanuri inayopasha maji ya mtaa mzima, kijana mwenye ndevu kama brashi ya viatu. Alikuwa ameichukua tangu majira ya vuli na hajarudisha hata uchache.

Tume ikikuta upungufu mdogo hunyamaza, kwa kuwa mkanda ukikauka hupungua. Lakini upungufu kama ule una jina lake katika sheria, wizi wa madini ya thamani ya taifa, na anayepatikana nao haendi kwenye pensheni. Huenda kaskazini kukata magogo.

Jumamosi asubuhi alimkuta Kesha mbele ya tanuri, kifua wazi, anakula viazi kwenye sufuria.

"Shangazi Kapa! Karibu, karibu! Viazi vya moto hivi."

"Kula mwenyewe, uwe na nguvu za kukimbia. Kilo zangu ziko wapi?"

"Si tulisema Mei?"

"Mei imehamia Jumatatu. Leta vipande ulivyokata, leta vilivyoharibika, leta vyote. Najua nyie mnapiga picha saa nzima mpate dakika moja."

Kesha akaacha kutafuna. Akaangalia tanuri, halafu akamwangalia Kapitolina, halafu akaangalia tanuri tena.

"Usiniambie," Kapitolina akasema.

"Wiki iliyopita mwanamgambo alikuja kuuliza uliza hapa. Tukasema, wakija kupekua wakakuta makapi, watajua tunatengeneza filamu bila ruhusa. Nikayachoma."

"Ukayachoma."

"Yote. Yanawaka vizuri sana, Shangazi."

Ni mtu wa Leningrad peke yake angefanya kosa la namna hiyo: kuchoma ushahidi wa jambo dogo mpaka akazua kesi ya jambo kubwa. Kapitolina hakupiga kelele. Kelele zilikuwa za watu wasio na haraka. Alisimama akipiga hesabu kichwani.

"Filamu yenyewe iko wapi?"

"Ipo. Imevingirishwa kwenye bobini mbili. Iko kwa Nonna, leo mchana ndiyo tunaionyesha mara ya kwanza." Kisha akaelewa kwa nini ameulizwa, na uso ukamkauka. "Hapana. Shangazi, hapana! Ile ndiyo yenyewe, hakuna nyingine. Mkanda uliotupatia hauna negativu ya kutolea nakala, unajua mwenyewe. Ule uliopita kwenye kamera ndio tuliousafisha, ndio unaokwenda kwenye projekta. Ukiuyeyusha hakuna tena filamu. Kazi yote ya tangu vuli!"

"Mimi nina miaka thelathini kwenye ile stoo," Kapitolina akasema. "Bobini mbili zitausogeza mshale mpaka tume inyamaze. Vaa shati."

Njiani Kesha aliomba, akatishia, akaomba tena, na Kapitolina alitembea mbele akikanyaga theluji iliyoanza kuyeyuka. Walipofika mlangoni kijana akasema neno moja lenye akili tangu asubuhi: "Watu wamekwisha kaa. Acha waione mara moja, halafu uichukue. Hupungukiwi kitu."

Kapitolina alipima. Kweli, hakupungukiwa kitu. "Mara moja," akasema. "Na mimi nakaa karibu na projekta, usije ukanitorokea dirishani."

Nonna, mpenzi wake Kesha, alikuwa mtumishi wa chumba cha eksirei kwenye zahanati ya mtaa, na alikaa kwenye fleti ya zamani iliyogawanywa kwa familia nyingi, jiko moja na choo kimoja. Chumba chake kilikuwa kimejaa watu mpaka juu ya kabati. Dirishani walikuwa wametundika mablanketi kuzuia mwanga wa mchana, na ukutani shuka. Kwenye kiti bora kuliko vyote alikaa jirani, Bibi Glafira, na kikapu chake cha kufuma.

"Mimi sikuja kutazama," Bibi Glafira alimwambia Kapitolina kabla hata ya salamu. "Nimekuja kuhakikisha hawatumii umeme wangu. Wewe ni wa polisi?"

"Ni wa stoo."

"Afadhali. Sogea hapa. Huyu mwenye ndevu mwaka jana aliazima bafu letu akalaza watu wamefungwa bandeji. Nimeingia kufua, maiti wananiambia shikamoo."

Watu wakacheka. Projekta ikaanza kutafuna mkanda, na mwanga ukaangukia shuka.

Mwanzoni ilikuwa upuuzi mtupu, na Kapitolina alijisikia vizuri kwamba hatayeyusha kitu cha maana. Wanaume waliovaa makoti ya hospitali, vichwa vimezungushiwa bandeji, walikuwa wanakimbia msituni kwenye theluji kama kuku waliofunguliwa. Mmoja akaanguka, mwingine akamkanyaga. Hapakuwa na sauti ila mlio wa projekta na mtu mmoja kwenye kona aliyepuliza chupa tupu, fuu, fuu. Wale wanaume wakafukua theluji, wakamtoa mwenzao aliyefukiwa. Uso wake ulikuwa umepakwa unga uliokandwa, mnene, umekauka na kupasuka, macho wazi. Wakajaribu kumfufua kwa pampu ya baiskeli. Chumba kikavunjika mbavu. Bibi Glafira alisema, "Jazeni vizuri, bado laini!"

Lakini Kapitolina alikuwa ameanza kuangalia kitu kingine. Alikuwa anaangalia mbingu. Juu ya ile miti, anga ilikuwa inapumua. Ilififia ikang'aa, ikafifia ikang'aa, taratibu, kama kifua cha mtu aliyelala. Aliujua ugonjwa ule. Ulikuwa ukungu wa mkanda wake uliozeeka, kasoro iliyowafanya wapiga picha wa studio wautupe. Miaka yote aliutoa kwa wateja kama mtu anayetoa maziwa yaliyoharibika. Sasa uko pale juu ya shuka, na dunia nzima ya wale wafu ilikuwa inavuta pumzi kwa ugonjwa huo. Kapitolina alijikuta na yeye anavuta nao.

Halafu wakambeba maiti kumpeleka kwenye nyumba ya mbao. Alikuwa amekauka amekaa, magoti juu, mikono mbele kama aliyeshika bakuli. Wakafika mlangoni. Hakupita. Wakamgeuza ubavu, hakupita. Wakamgeuza kichwa chini, miguu ikakwama kwenye mwimo. Mmoja akajaribu kumnyoosha goti, goti likarudi. Na yule mbebaji wa nyuma akaanza kucheka. Aliona aibu, akajaribu kujizuia, mabega yakamtikisika, na kicheko chake kikamwambukiza wa mbele, wakabaki wawili wanacheka huku wamemshika mfu aliyekaa, na mfu anatazama moja kwa moja ndani ya chumba.

Humo ndani hakucheka mtu. Hata chupa ilinyamaza.

Kapitolina alikuwa na miaka kumi na moja katika majira ya baridi ya mzingiro, Wajerumani walipoufunga mji na njaa ikaingia. Baba yake alifia kwenye kiti, karibu na jiko lisilo na moto, na kabla hajapatikana mtu wa kusaidia alikuwa amekauka vile vile. Yeye na jirani walimbeba kumtoa ili wamlaze kwenye kigari cha theluji. Hakupita mlangoni. Walimgeuza, wakamgeuza. Na jirani alianza kucheka, na yeye Kapitolina akacheka, mtoto wake wa kumzaa, akacheka mpaka akakaa chini kwenye korido ya barafu. Hakuwahi kumwambia mtu. Kila mwaka, siku ya ushindi, studio yake ilitoa filamu za wafu wa mzingiro, na wafu hao walikuwa wazuri, wamelala wamenyooka, muziki juu yao. Alizipanga kwenye rafu makopo kwa makopo, akaamini kwamba aliyoyaona yeye hayakuwa kitu cha kuonekana.

Hawa watoto walizaliwa baada ya vita. Nani aliwaambia?

Alitamani kupiga magoti na alitamani kumzaba mtu kofi. Alikaa tu, ameshika mdomo, na mfu kwenye shuka alimtazama mpaka mkanda ukaisha, ukaanza kupiga pap-pap-pap kwenye projekta.

Bibi Glafira, aliyekuwa mjini miaka ile ile, alikusanya uzi wake. Kisha akasema polepole, "Hivi ndivyo walivyokuwa. Wagumu. Wakaidi." Akaangalia mbele kama hakuna mtu chumbani.

Kesha alizitoa bobini, akaziweka kwenye makopo, akamnyooshea Kapitolina. "Haya, Shangazi. Nilitoa ahadi."

Kapitolina hakuyapokea. Aliinuka, akaenda mlangoni, akaugeuza ufunguo, akauegemea mlango kwa mgongo.

"Sikilizeni," akasema, na sauti ilikuwa ile ya stooni. "Hii filamu Jumatatu inayeyushwa, isipokuwa nikipata uzito wake na zaidi. Mmeitazama bure. Sijui nani aliwafundisha tabia hiyo. Mnataka kuiona tena?"

Wakaitikia kwa pamoja kwamba wanataka.

"Kesho mchana, hapa hapa. Kiingilio ni mkanda. Wa nyeusi na nyeupe tu, wa rangi hauna faida. Negativu za harusi, filamu za likizo, chochote. Na waleteni marafiki zenu, lakini midomo yenu kama hii," akaubana mdomo kwa vidole.

"Negativu za harusi yangu?" akauliza mwanamke mmoja aliyekuwa sakafuni.

"Bado mnaishi pamoja?"

"Hapana."

"Basi zina kazi gani?"

Watu wakacheka, na kicheko hicho kiliwarudishia damu usoni. Kapitolina akamgeukia Nonna. "Na wewe, binti. Picha za eksirei za watu waliokwisha pona, au kufa, zahanati yenu inazifanyia nini?"

"Zinakaa ghalani. Zimejaa mpaka dari, daktari analalamikia panya."

"Mwambie daktari umepata mtu wa kumwondolea panya."

Jumapili walikuja wengi kiasi kwamba foleni ilianzia jikoni. Kapitolina alikaa kwenye kigoda mlangoni na mizani yake ya sokoni, ile ya kuning'iniza yenye ndoano, na wavu wa kununulia viazi. Kila aliyeingia alitia chake wavuni. Daktari wa meno alileta taya za wateja wake. Kijana mmoja alileta likizo ya Crimea, mama yake akiwa baharini, akaomba atazame kwanza dirishani; Kapitolina akamruhusu, foleni ikangoja. Mwanamume mmoja alileta mkanda wa rangi akidhani hataonekana.

"Hii ni ya rangi."

"Kidogo tu, Shangazi."

"Basi na wewe utaingia kidogo tu. Simama hapo koridoni, utasikia chupa."

Bibi Glafira alikuja mwisho. Wavuni alitia kipande kimoja kidogo cha negativu, hakikusogeza hata mshale. Kapitolina alikiangalia kwenye mwanga wa balbu: wanaume wawili vijana wamekaa kwenye ngazi.

"Hiki kichukue, Bibi. Wewe una kiti chako."

"Usinifanyie huruma," Bibi Glafira akasema. "Pima."

Kapitolina akapima, akaitikia kwa kichwa kwamba kimekubalika, na yule bibi akapita ameinua kidevu.

Kapitolina hakuingia ndani safari hiyo. Alisimama upande wa pili wa mlango, wavu mzito miguuni, akiwasikia watu wakicheka ile pampu ya baiskeli, halafu akangoja. Kicheko kilikatika kama kamba. Alijua wamefika mlangoni na mfu. Nywele zilimsimama, ingawa mbele yake palikuwa na ukuta tu.

Jumatatu mwenyekiti wa tume, komredi Rukavishnikov, alilifungua pipa la mwisho, akatoa picha ya eksirei, akainyanyua kwenye taa. Mbavu za mtu zikaonekana.

"Kapitolina Arkhipovna. Hii ni filamu ya aina gani?"

"Ya elimu ya afya."

"Na hii?" Ilikuwa bibi harusi.

"Ya mila na desturi."

Rukavishnikov alimtazama chini ya miwani. Kapitolina alimtazama vile vile, bila kupepesa. Kisha akajisogeza karibu, akashusha sauti, kama anayempa mteja mzuri bei yake ya mwisho.

"Mkanda wa sinema umepakwa madini upande mmoja. Eksirei imepakwa pande zote mbili. Wewe una mpango wa robo mwaka wa kutimiza, na nimesikia haujatimia, ndiyo maana mmekuja Machi. Unaweza kuandika kwamba studio yangu imekupa kitu kisicho chake. Au unaweza kuyeyusha."

Mwenyekiti aliirudisha ile picha pipani, taratibu, kama mtu anayerudisha mkate. "Kuna nyingine mahali zilikotoka hizi?"

"Ghala zima, mpaka dari. Tutazungumza."

Mshale ulipita mahali pake, na tume ikaondoka na mapipa.

Jioni ile alikwenda nyumba ya matanuri. Kesha alisimama ghafla, sufuria ikaanguka.

"Imepita?"

"Imepita. Filamu yako ni yako. Lakini haikai kwa Nonna, lile joto la pale litaipinda. Itakaa stooni kwangu, penye baridi, kwenye kopo lililoandikwa ufugaji wa nguruwe. Hakuna mtu katika nchi hii atakayelifungua."

"Shangazi, sijui nikulipe nini."

"Nijibu kitu." Kapitolina alikaa kwenye rundo la makaa bila kujali koti lake. "Ule mlango. Yule aliyekaa, asiyepita. Nani alikusimulia?"

Kesha alijikuna ndevu. "Hakuna. Haikuwa hivyo kwenye mpango wetu. Mpango ulikuwa wambebe aingie, basi. Yule aliyecheza maiti tulimweka nje kwenye baridi muda mrefu, miguu ikamkakamaa kweli, hakuweza kuinyoosha. Tukabanwa pale mlangoni, na yule wa nyuma akashindwa kujizuia. Mimi nilitaka kuzima kamera." Akasita, kana kwamba analifikiria kwa mara ya kwanza. "Sijui kwa nini sikuizima. Mkono ulikataa."

Kapitolina aliutazama mkono wa Kesha, mweusi kwa masizi, wenye kucha zilizovunjika, mkono wa kijana mjinga aliyechoma makapi. Moto ulinguruma ndani ya tanuri.

"Watakuja watu siku moja," akasema mwishowe, "watu wenye nafasi, watakuambia ile ya mlango ni ndefu, uipunguze. Watakupa vitu. Bei yangu ni hii: usiikate. Hata kidogo."

"Siikati."

"Apa."

Kesha akaapa. Kapitolina akampa mkono, akautikisa mara moja kwa nguvu kama anavyofunga biashara zote, akasimama na kujikung'uta makaa.

"Basi leta hizo bobini," akasema. "Na hivyo viazi, kama vimebaki."